Mpolandi Barazani Changamwe

Bara ya Mombasa haijawahi kutawaliwa na Wakomunisti. Zanzibar ilipopinduka mwaka 1964, na Tanzania ilipotangaza Azimio la Arusha mwaka 1967, upande huu wa mpaka tulibaki na mabepari wetu, wa kuja na wa kuzaliwa hapa hapa. Ya nini basi kumjadili Leszek Kołakowski, Mpolandi aliyetumia nusu ya umri wake akiubomoa Umaksi tofali moja moja? Jibu langu ni kwamba swali lililomtoa kwao linahusu wafanyakazi na mwajiri asiye na mwenziwe, na hilo watu wa bandari wanalijua bila kufundishwa.

Sauti tatu zifuatazo nimezipanga mimi, kutokana na maneno ambayo ukikaa penye kahawa chungu jioni utayasikia. Nimezipa majina ya mitaa. Changamwe ni mzee mstaafu wa bandari. Kisauni ni mwalimu wa historia wa sekondari, mpenda vitabu. Likoni ni binti anayewasaidia maskwota na wapangaji wa ardhi kuandika malalamiko yao, na hana subira na wapenda vitabu.

KISAUNI: Nianze na mtu mwenyewe, maana wengi humdhania tajiri aliyeogopa kunyang'anywa. Alizaliwa mji wa Radom mwaka 1927. Wajerumani walipoiteka Polandi walizifunga shule za wenyeji, akajisomea alichokikuta na kufanya mitihani kwa siri. Mwaka 1943 Gestapo wakamuua babake. Vita vilipokwisha akaingia chama cha Kikomunisti akiwa kijana, kwa moyo wote. Aliwaona hao ndio waliopambana kweli na Wanazi, na ndio watakaoifuta Polandi ya zamani yenye chuki za dini na kabila.

CHANGAMWE: Kumbe alikuwa wao.

KISAUNI: Wao hasa, mzee wangu. Alikuwa akiandika makala za kulishambulia Kanisa Katoliki. Mwaka 1950 akapelekwa Moscow na wenzake wasomi wakajionee nchi ya ahadi, akarudi na shaka. Kisha ikaja 1956. Mwezi wa Juni wafanyakazi wa viwanda vya Poznań waligoma wakidai mishahara, wakapigwa risasi na serikali iliyojiita yao. Watu wengi walikufa. Mwaka huo huo Kołakowski akaandika makala akiorodhesha mambo ambayo usoshalisti haupaswi kuwa. Wakaguzi wakaipiga marufuku, watu wakainakili na kupokezana. Alikuwa bado ndani ya chama, akitaka kukitengeneza. Mwaka 1966 alitoa hotuba chuoni Warsaw akasema ahadi za 1956 zimevunjwa, wakamfukuza chamani. Mwaka 1968 wakamnyang'anya na kiti chake cha uprofesa. Akaondoka: Montreal, Berkeley, na kuanzia 1970 akatulia Oxford, chuo cha All Souls. Huko ndiko alikoandika juzuu tatu za historia ya Umaksi, zikachapwa Paris kwa Kipolandi kati ya 1976 na 1978.

LIKONI: Mwalimu, hapo nakukatiza, uniwie radhi. Mtu anafukuzwa na maskini wenzake, anapokewa na wenye nacho, kisha anatuandikia juzuu tatu kutuambia ndoto ya maskini ni hatari. Na sisi tutikise vichwa?

KISAUNI: Hakupokewa kwa maua, binti yangu. Mwaka 1973 mwanahistoria Mwingereza E. P. Thompson alimwandikia barua ya wazi ya kurasa mia hivi, akimsikitikia kwamba amewaacha wenzake wa mrengo wa kushoto. Mwaka uliofuata Kołakowski akamjibu kwa kejeli iliyowachoma wengi. Alimlaumu kupima dhuluma kwa mizani miwili: mateso ya wafungwa Brazili ni ushahidi dhidi ya ubepari, lakini yakitokea upande wa pili ni ajali ya historia, tuwape muda.

LIKONI: Na wewe unapenda kejeli.

KISAUNI: Naipenda iliyolipiwa. Sisi wenyewe tulikuwa na wa aina yake. Profesa Ali Mazrui, mtoto wa Mombasa, mwana wa Kadhi Mkuu, mwaka ule ule wa 1966 alimwandika Nkrumah wa Ghana kuwa ni mfalme wa Kirusi aliyevaa joho la Lenin. Nkrumah ndio kwanza kapinduliwa, nusu ya wasomi wa Afrika wanamlilia. Mazrui akatukanwa. Baadaye akajadiliana na Walter Rodney mbele ya wanafunzi wa Makerere, na Rodney alikuwa Mmaksi wa kweli asiyekwepa hoja.

LIKONI: Na Mazrui naye akaishia Michigan na Binghamton.

KISAUNI: Aliyemfanya aondoke Uganda ni Idi Amin, na Amin hakuwa amesoma Marx.

CHANGAMWE: Niachieni niseme kidogo, msije mkanimaliza na maprofesa. Baba yangu hakujua kusoma. Alikuwa kuli Kilindini, na tarehe 13 Januari 1947 hakwenda kazini. Hakwenda yeye, hawakwenda makuli, hawakwenda watu wa reli, wapishi wakaacha masufuria kwa Wazungu, wahudumu wa hoteli wakavua kanzu zao. Watu kama elfu kumi na tano, siku kumi na mbili. Kila siku walikutana uwanja wa Kiembeni. Bei zilikuwa zimepanda tangu vita, chumba kimoja kinalala wanaume wanane, na anayelipwa kwa kutwa hajui kesho yake. Marx alikuwa wapi? Hakuna aliyemtaja. Hata Makhan Singh, yule aliyesimama mahakamani akasema mimi ni Mkomunisti, wakati ule alikuwa India.

KISAUNI: Kweli, alirudi Agosti ya mwaka ule.

CHANGAMWE: Na Agosti hiyo hiyo wakamkamata Chege Kibachia, mkuu wa shirikisho la wafanyakazi, wakampeleka Kabarnet akakae huko miaka kama kumi. Sasa mnaniambia kuna Mpolandi kaubomoa Umaksi. Na aubomoe! Njaa ya baba yangu haikutoka kwenye kitabu, haitaondoka kwa kuchomwa kitabu.

Hapa naingilia, maana mzee ametamka jambo ambalo naona juzuu zote tatu zinalizunguka bila kulikalia. Wafuasi na maadui wa Marx wamezoea kudhani kwamba dai la mfanyakazi na nadharia ya Marx ni kitu kimoja: ukilikubali dai umeikubali nadharia, ukiiangusha nadharia umelizika dai. Mgomo wa 1947 unawakanusha wote. Dai lilikuwepo kabla, likajisimamia lenyewe, likapata baraza la usuluhishi la Jaji Thacker na nyongeza kwa baadhi yao, bila kuahidiwa na yeyote kwamba historia iko upande wake. Kołakowski, kwa kadiri ninavyomsoma, aliogopa ile ahadi. Dai lenyewe hakuwahi kulikana.

KISAUNI: Ahsante, hapo ndipo penyewe. Anachosema ni hiki. Marx aliota siku ambapo hakutakuwa na mpasuko kati ya mtu na jamii yake. Serikali itayeyuka ndani ya wananchi, maslahi yatakuwa mamoja, na hivyo hakuna haja ya kitu cha kusimama katikati: chama cha wafanyakazi, mahakama huru, gazeti, msikiti wala kanisa. Kołakowski anaifuatilia ndoto hiyo nyuma kabisa, anapita kwa Hegel hadi kwa Plotino wa zama za Warumi. Ni kiu ya kale ya binadamu kurudi kuwa kitu kimoja. Lakini ukijaribu kuijenga duniani, watu hawawi kitu kimoja. Wana ugomvi, wana tamaa, wana ndugu zao. Basi njia iliyobaki ni kuwalazimisha. Stalin hakutakiwa na Marx, ila hakuwa mgeni mlangoni kwake pia. Alikuwa mmoja wa warithi waliowezekana.

CHANGAMWE: Sema kwa lugha ya gati, mwalimu.

KISAUNI: Kwa lugha ya gati: bandari ikiwa yako wewe mfanyakazi, utagoma dhidi ya nani? Dhidi yako mwenyewe? Basi kugoma ni kosa la jinai. Na chama cha wafanyakazi cha nini, wakati serikali nzima ni chama cha wafanyakazi? Ndiyo maana Agosti 1980 pale Gdańsk, kwenye kiwanda cha meli kilichopewa jina la Lenin, dai la kwanza kati ya madai ishirini na moja lilikuwa vyama vya wafanyakazi visivyo vya serikali. Mshahara ulifuata baadaye. Huko nyuma, mwaka 1971, Kołakowski alikuwa ameandika kutoka Oxford kwamba utawala ule haubomoki kwa pigo moja, ila watu wakijikusanya na kuubana kidogo kidogo, unatetereka. Wasomi waliounda kamati ya kuwatetea wafanyakazi mwaka 1976 walikuwa wakimsoma, naye akajiunga nao akiwa ng'ambo. Mshikamano, chama huru cha wafanyakazi, ilipozaliwa Gdańsk ilipata wanachama wapatao milioni kumi. Fikiria: makuli wa nchi ya makuli wanagoma dhidi ya serikali ya makuli!

CHANGAMWE: Hiyo naielewa kuliko Plotino wako. Mimi niliingia bandarini 1971, enzi za Shirika la Bandari la Afrika Mashariki. Kahawa ilipakiwa kwa magunia ya kilo sitini. Unalipanga kwenye wavu wa kamba, winchi inanyanyua, kule ndani ya meli wenzako wanapokea, na mtu wa kuonyesha mkono yuko juu mdomoni mwa shimo. Kidole hiki mnachokiona kimepinda ni kazi ya waya wa winchi. Siku kilipopinda sikumtafuta Waziri. Nilimtafuta mwakilishi wa chama, kwa sababu yeye alikuwa anakula na sisi na hakuwa mtu wa mwajiri. Akiwa mtu wa mwajiri, kidole changu kingekuwa uzembe wangu.

KISAUNI: Sasa tazama jirani. Tanganyika iliposhtushwa na maasi ya wanajeshi Januari 1964, shirikisho la wafanyakazi lilivunjwa, ikaundwa NUTA kwa sheria. Katibu Mkuu wake, Michael Kamaliza, alikuwa ndiye Waziri wa Kazi. Mtu mmoja anakaa pande zote mbili za meza! Na wasomi wa dunia wakaenda Dar kushangilia. Mazrui aliwacheka kwa hilo mwaka 1967, akasema mapenzi yao kwa Tanzania yamewapofusha.

LIKONI: Haya, nilikuwa nasubiri ufike hapo. NUTA ni 1964. Na COTU ya Kenya ni lini?

KISAUNI: 1965.

LIKONI: Iliundwaje?

KISAUNI: Serikali ilizivunja kambi mbili zilizokuwa zikigombana, baada ya fujo zilizoua watu hapa hapa Mombasa, ikaunda shirikisho moja, na Rais akapewa sauti katika kumteua Katibu Mkuu.

LIKONI: Kenyatta alikuwa Mmaksi? Waraka namba 10 wa 1965 ulioitwa wa Usoshalisti wa Kiafrika, ulimkataa Marx kwa maneno meupe. Na wakati ule ule Pio Gama Pinto, msoshalisti wa kweli, alikuwa keshapigwa risasi Nairobi, Februari mwaka huo. Sasa mwalimu, kama chama cha wafanyakazi kimemezwa Dar na wanaojiita wajamaa, kikamezwa Nairobi na wanaomkana Marx, na Poznań wakapigwa risasi na Wamaksi, mwenye kosa ni Marx au ni dola? Mpolandi wako kamfuata mganga, kamwacha mchawi.

(Kisauni alichelewa kujibu. Nami ningechelewa.)

KISAUNI: Nakubali nusu. Kenya haikuhitaji Marx ili kufanya hivyo, umesema kweli. Lakini pale Nairobi mtu aliweza kusema hadharani kwamba amedhulumiwa, hata kama angefungwa. Falsafa ya kumwambia kwamba dhuluma yake haiwezekani kimantiki haikuwepo. Kule Warsaw waliongezewa hilo: unapigwa, na unaambiwa aliyekupiga ni wewe mwenyewe.

LIKONI: Kwa aliyepigwa ni tofauti ndogo.

CHANGAMWE: Si ndogo, mwanangu. Baba yangu alimjua aliyempiga. Hiyo ilimsaidia kulala.

KISAUNI: Na ubaki hapa hapa bara. Reli mpya ilizinduliwa Mei 2017, kituo chake kiko Miritini. Reli ya serikali, bandari ya serikali, bohari ya makontena Embakasi ya serikali, na anayetoa amri ni serikali. Mwaka 2019 ikaja amri kwamba mizigo yote ya kutoka nje ipande reli hadi Nairobi. Mwenye lori Changamwe, fundi wa matairi Magongo, mama wa chapati kando ya barabara, wote wakasimamishwa kwa karatasi moja. Watu wakaandamana kila Jumatatu, wakaiita Jumatatu Nyeusi, hadi amri ikasitishwa Oktoba. Huo ulikuwa ubepari au usoshalisti? Kołakowski angesema usijali jina. Hesabu milango: mtu aliyefungiwa mmoja ana mwingine wa kubisha?

LIKONI: Basi hesabu na ya kwetu. Tazameni hii risiti. Ni ya bibi mmoja Mtongwe... la, sitasema ni wapi. Nyumba yake ni bati na matumbawe, kaijenga yeye na marehemu mumewe, na kila mwezi analipia ardhi iliyo chini yake. Nyumba bila ardhi, kama tunavyoita wenyewe. Mwenye ardhi hajamwona. Anayekuja ni wakala. Haya yalianza na sheria ya hatimiliki ya 1908: aliyejua kuandikisha akapata cheti, asiyejua akageuka mgeni alikozikwa babu yake. Kołakowski ana mlango gani wa huyu bibi? Mahakama? Karani anataka cheti. Gazeti? Litamwandika siku atakapobomolewa. Msikiti unampa futari. Milango yote unayoihesabu ipo, mwalimu, na yote inafunguka kwa mwenye cheti. Marx angalau aliuliza cheti kilitoka wapi.

KISAUNI: Aliuliza vizuri. Kołakowski hakuwahi kukana kwamba Marx aliuliza vizuri. Anabishana na jibu lake: kwamba ukiifuta mali ya mtu binafsi, umefuta na unyonge. Chukua shamba la Waitiki, kwenu Likoni. Zaidi ya ekari mia tisa, watu wameligombania miaka na miaka. Serikali ikalinunua, na Januari 2016 Rais akaja kugawa hati. Mali binafsi ikawa ya umma, sivyo? Na wakaazi wakaambiwa?

LIKONI: Walipe shilingi 182,000.

KISAUNI: Kwa nani?

LIKONI: Kwa serikali. Nakuona unakokwenda.

KISAUNI: Mwenye nyumba kabadilika, mpangaji yuko pale pale. Na mwenye nyumba wa sasa ana polisi wake mwenyewe.

LIKONI: Na wa zamani hakuwa nao? Alikuwa akiwaazima kwa simu! Mwalimu, usinifanye mtetezi wa serikali, hapo hutafika. Ninachokataa ni kumfanya Mpolandi awe jibu. Kile kiwanda cha Gdańsk unachokisifu, kilikuja kuwaje?

KISAUNI: Kilifilisika mwaka 1996.

LIKONI: Chini ya nani?

KISAUNI: Chini ya soko huria.

CHANGAMWE: Astaghfirullah. Waliomwangusha Lenin wakafungiwa na benki!

KISAUNI: Naye hakulisifu soko, mzee. Mwaka 1978 aliandika makala fupi, nusu mzaha, akieleza namna mtu anavyoweza kuwa mhafidhina, mliberali na msoshalisti kwa pamoja. Mhafidhina kwa kujua kwamba kila tengenezo lina hasara yake na mambo mengine yakivunjwa hayarudi. Mliberali kwa kutaka dola ilinde watu isiwafanye kuwa na furaha kwa nguvu. Msoshalisti kwa kukataa kuwa faida ndiyo mwongozo pekee wa uchumi. Akatania kwamba chama cha kimataifa cha watu hao hakitaundwa kamwe, kwa sababu hakina la kuahidi.

LIKONI: Na ndiyo kasoro yake. Asiye na la kuahidi hakusanyi watu Kiembeni.

Hili la Likoni ndilo lililobaki kichwani mwangu, na sidhani Kisauni alilijibu. Mwaka 1959 Kołakowski aliandika kwamba falsafa ina watu wawili, kasisi anayelinda yasiyoguswa na mchekeshaji wa ikulu anayeyacheka, akasema yeye yuko na mchekeshaji. Sisi tunamjua mchekeshaji huyo kwa jina la Abunuwasi. Ni kweli kwamba sultani bila Abunuwasi hugeuka chui. Ila katika hadithi zote nilizosimuliwa utotoni, Abunuwasi hujiokoa yeye na labda jirani mmoja. Sijasikia hadithi ambamo anaongoza mgomo. Mgomo unataka watu wanaoamini, kwa siku kumi na mbili hivi, kwamba watashinda, na imani hiyo ikishakolea huzaa makasisi wake. Wapolandi wenyewe walilijua hili: Mshikamano ilijaa imani, picha za Bikira Maria zikabandikwa kwenye geti la Gdańsk, na yule aliyewahi kulishambulia Kanisa kwa kalamu akawa anaandika kwa heshima juu ya dini hadi alipofariki Julai 2009. Alizikwa Warsaw, kwa heshima za taifa lililomfukuza.

CHANGAMWE: Mimi nauliza la leo. Mwaka 2023 serikali ilitangaza kutaka kukodisha magati kwa wawekezaji. Chama kikapinga, na mimi na ustaafu wangu nikapinga. Bandari ni ya umma. Nimekosea?

KISAUNI: Hujakosea kupinga, mzee. Ila uliipinga kwa nguvu ya nini? Kwa chama ambacho si cha serikali. Siku bandari, chama na mahakama vikiwa mkono mmoja, utapinga kwa nini?

CHANGAMWE: Na mwekezaji akija na kreni zisizotaka watu, hicho chama kitakuwa na wanachama gani? Zamani wavu mmoja wa kahawa ulitaka genge zima. Kontena linamtaka mtu mmoja, amekaa juu kwenye kiyoyozi.

LIKONI: Ndiyo nasema. Mpolandi katufundisha kumwogopa bwana mmoja. Hajatufundisha la kufanya bwana asipotuhitaji tena.

KISAUNI: Hilo hata Marx hakulimaliza.

LIKONI: Basi tuliandike wenyewe. Mzee, wewe una kadi zako zote za chama tangu 1971?

CHANGAMWE: Ziko kwenye bati la biskuti, juu ya kabati.

LIKONI: Nataka orodha ya kila genge lililofutwa, mwaka, na kazi iliyochukua nafasi yake. Mwalimu atatafuta mikataba. Jumamosi nitakuja na daftari.